Wanawake Sita Wenye Vikapu

Habari ya ile picha ililetwa na Zawadi, binti wa Vumilia, aliyekuwa akisomea ualimu Gitega. Wanafunzi walipelekwa kutembelea jumba la makumbusho, na walipomaliza kuzungushwa kwenye ngoma na mikuki wakafunguliwa kabati la vitabu vya sanaa. Humo mlikuwa na kitabu kikubwa cha Kifaransa kuhusu vikapu vya Burundi, kilichoandikwa na padri mmoja wa Ulaya aliyepita vilimani miaka ya sitini. Zawadi alifunua funua, akakuta picha ya wanawake sita wamekaa mkekani, kila mmoja amepakata kikapu chake. Chini ya picha paliandikwa jina la kilima chao, kule Muyinga, na mwaka: 1969.

"Mama," alisema kwenye simu, "si ulituambia bibi Kasilda alikuwa akisuka vikapu?"

Vumilia alikuwa shambani. Aliliachia jembe likaanguka, akakaa juu ya tuta.

Kasilda alikuwa mama yake mzazi. Mwaka wa sabini na mbili, mauaji yalipozuka nchini, Vumilia akiwa bado ananyonya, nyanya yake alimfunga mgongoni akavuka naye mpaka kuingia Tanzania. Kasilda na mumewe walibaki nyuma kufunga mizigo, wakasema watafuata. Hawakufuata. Vumilia alikulia kwenye makazi ya wakimbizi ya Ulyankulu, akaolewa huko huko na Moses, akazaa huko huko, na aliporudi kwenye kilima cha wazazi wake alikuwa mtu mzima mwenye mvi za kwanza. Sura ya mama yake hakuwa nayo, wala picha. Alichokuwa nacho ni maneno ya Theodosia, mdogo wake Kasilda, ndugu pekee aliyebaki anayemkumbuka: kwamba alikuwa mrefu, kwamba alikuwa na mwanya, kwamba alikuwa akianza kucheka kabla hajamaliza kusema.

Siku ile ile alikwenda kwa Theodosia.

"Picha!" bibi kizee alishtuka. "Kumbe ile picha ipo? Mwanangu, mimi ndiye niliyetandika ule mkeka. Yule padri alitukataza watoto tusisogee. Kasilda alikuwa pale, nakuapia, alikuwa pale na wenzake."

"Alikaa wapi? Upande gani?"

"Nikiiona nitakwambia."

Zawadi alituma picha kwa simu. Vumilia alipojaribu kuzikuza zile nyuso zilipasuka zikawa vidoa vyeusi na vyeupe, na kadiri alivyozidi kukuza ndivyo mtu alivyozidi kutoweka. Theodosia hakuona hata hivyo vidoa. Mtoto wa jicho alikuwa amemziba macho yote mawili kwa miaka kadhaa. Lakini alishikilia kwamba kitabu chenyewe si simu, na kwamba akikishika mkononi ataona. Basi wakapanda gari, wakapitia Karuzi, wakafika Gitega.

Mtunza vitabu alikuwa kijana wa Kiislamu wa pale pale mjini, jina lake Ilyasi, mpole, mwenye kofia ya kufuma. Alikileta kitabu kwa mikono miwili akakilaza juu ya meza karibu na dirisha.

"Kitabu hii iko moja tu hapa kwetu, mama," alisema. "Tuifunue polepole."

Wanawake sita walimtazama Vumilia. Walikuwa wasichana kabisa, wadogo kuliko Zawadi. Wote walijifunga vitambaa kichwani, wote walivaa imvutano, nguo ya kienyeji iliyofungwa begani, wote walifumba midomo kama watu walioamriwa wasitikisike. Aliutafuta mwanya, lakini meno hayakuonekana. Aliutafuta urefu, lakini wote walikuwa wamekaa. Akamwinamisha Theodosia juu ya ukurasa mpaka pua yake ikakaribia kugusa karatasi.

"Naona weupe," alisema Theodosia. "Naona kama moshi, mwanangu."

Vumilia akamgeukia Ilyasi. "Hapa chini wameandika nini?"

Ilyasi alisoma Kifaransa kimoyomoyo, kisha akaeleza. Kikapu cha kwanza ni cha kuwekea unga wa mtama, urembo wake unaitwa hivi na hivi. Cha pili ni cha kupelekea zawadi harusini, rangi nyeusi imetoka kwenye tope la bondeni. Cha tatu kimesukwa kwa mkono uliotulia kuliko vyote. Alikwenda hivyo hadi cha sita.

"Na majina?"

"Ndiyo hayo, mama, majina ya vikapu."

"Ya wanawake, baba."

Ilyasi alifunua ukurasa uliofuata, akarudi nyuma, akaenda mpaka mwisho wa kitabu. "Haiko," alisema taratibu. "Padri alikuwa anatafuta vikapu. Aliogopa vitapotea."

Vumilia alitazama kabati la kioo ukutani. Vikapu vitatu vilikuwa ndani, vimetulia, havina hata vumbi.

Walirudi Muyinga, lakini Vumilia alirudi na tumaini. Tatizo lilikuwa macho, na macho hutibiwa. Moses aliuza mbuzi wake wawili bila kuombwa. Msimu wa maharage ulipokwisha, Theodosia akafanyiwa upasuaji wa jicho la kulia. Siku alipofunguliwa bandeji alikuwa amekaa kitandani kama mtoto anayengoja kupewa peremende. Akatazama dirisha, akatazama mikono yake, kisha akamtazama Vumilia kwa muda mrefu, akacheka.

"Umezeeka, maskini!"

Nao wakacheka wote wawili. Vumilia aliikumbuka baadaye ile siku kuwa ya mwisho aliyokuwa na uhakika kwamba jambo lile litakwisha vizuri.

Ilyasi aliwatambua mara alipowaona tena. Aliivuta meza hadi kwenye mwanga, akaleta kitabu, akaleta na kiti. Zawadi naye alikuwa ametoka chuoni, akasimama nyuma ya mama yake. Theodosia aliweka kidole juu ya picha, akaanza na mwanamke wa kushoto.

"Huyu ni mke wa Venansi, jirani yetu," alisema papo hapo. "Tazama kovu hilo la kwenye shavu. Aliungua uji wa moto akiwa mtoto. Ndiye huyu, Mungu amrehemu."

Vumilia alisogea karibu. Jicho linaona! Kidole kilikwenda kwa wa pili, kikapita. Kilikwenda kwa wa tatu, kikakaa.

"Huyu."

"Ndiye?"

"Huyu ... hapana." Kidole kilisogea kwa wa nne, kikaenda kwa wa sita, kikarudi. "Kasilda alikuwa na paji la uso pana. Ngoja. Huyu ana paji pana. Na huyu pia."

"Pole pole, mama mdogo. Hatuna haraka."

Theodosia alitazama tena, mmoja mmoja. Jicho lake jipya lilikuwa safi, linang'aa, halina ukungu hata kidogo. Mwishowe alikiondoa kidole kwenye karatasi, akakifunga ndani ya ngumi.

"Ukungu hakuna, mwanangu. Nawaona wote. Namtafuta dada yangu kichwani nije nimlinganishe, simpati. Tangu uliporudi kutoka Tanzania, kila nikimkumbuka Kasilda, uso unaokuja ni wako wewe. Wa kwake umeondoka. Sikujua kwamba umeondoka mpaka sasa hivi."

Zawadi alijaribu kuuweka uso wake kando ya kitabu, akamwomba Ilyasi aangalie. Ilyasi aliangalia kwa bidii, akaona wawili wanaofanana naye, kisha akaona watatu, akaacha. Vumilia naye alikuwa akiwatazama wale watano waliobaki. Alijiambia kwamba damu itamstua, kwamba mtoto hawezi kumpita mama yake machoni bila kumjua. Aliwatazama mmoja baada ya mwingine akingoja kustuka. Hakustuka popote. Wote watano walimtazama sawasawa, kama anavyotazama mtu aliyepigwa picha na mgeni.

"Mi nitaandika Ulaya," alisema Ilyasi. "Kwa wale waliotoa kitabu. Labda iko picha zingine, labda padri aliandika majina mahali."

Katika gari la kurudi walikuwa wameshapita Karuzi. Ndipo Theodosia akamshika Vumilia mkono.

"Ni yule wa tatu," alisema. "Sasa nimekumbuka vizuri. Ni wa tatu."

Sauti yake ilikuwa ya mtu anayembembeleza mtoto alale.

"Asante, mama mdogo," Vumilia alijibu, akageuzia uso dirishani.

Wiki iliyofuata alimsikia akiwaeleza majirani kwamba Kasilda ni yule wa mwisho kulia. Hakumsahihisha. Zawadi alipotaka kuichapisha picha kwenye karatasi kubwa waitundike sebuleni, Vumilia alikataa. Wageni watauliza ni yupi, alisema, na mimi nitawajibu nini?

Mvua zilipokuwa zimeshaanza, Ilyasi alipiga simu. Jibu lilikuwa limekuja kutoka Ulaya. Kampuni iliyochapisha kitabu ilifungwa zamani, padri alikufa, na vitu vyake viligawanywa, hakuna ajuaye picha zilikwenda wapi.

"Mi nasikitika sana, mama. Vraiment, kweli kabisa."

"Umefanya uliloweza, mwanangu."

Alidhani yamekwisha, lakini Ilyasi hakukata simu. Alikohoa kidogo, akasema kwamba amewaomba wakubwa wake ruhusa ya kutia kikaratasi chenye majina ndani ya kitabu, pale penye picha, ili mtu akifunua asome. Jina la mke wa Venansi ameshaliandika.

"Na mama yako, niandike ni yupi kati yao?"

Vumilia alisimama mlangoni na simu sikioni. Uani, chini ya upenu, Theodosia alikuwa anachambua maharage, akiyatoa mabovu moja moja kwa jicho lake zima, na kila baada ya muda aliinua uso akamtazama yeye.

"Andika ni mmoja wao," alisema.

"Basi?"

"Basi. Nitasema nini kingine?"

Alisikia kalamu ikitafutwa, karatasi ikinyooshwa. Ilyasi akamwuliza jina lenyewe linaandikwaje, asije akakosea. Vumilia akaanza kumtajia herufi moja moja.