Dole Gumba Jekundu

Kompyuta ya karakana iligoma kufungua barua pepe Jumatatu asubuhi, na ndani ya barua hizo kulikuwa na vipimo vya madirisha kumi na manne ya bweni. Vyuma vilishashushwa mlangoni. Hatukuwa na pa kuanzia kukata.

Dirisha ni dirisha, lakini bweni lile lilijengwa na mtu aliyekuwa akipima kwa jicho, tena nadhani jicho moja. Hakuna tundu lililolingana na jingine. Mwalimu mkuu alituletea vipimo kwenye karatasi, kaka yangu akaipangusia brashi ya rangi. Mwalimu akapanda ngazi upya, akapima, akatuma kwa barua pepe, na chini akaandika kwamba akiulizwa tena, kazi ataipeleka kwa jamaa wa ng'ambo ya barabara. Jamaa hao ndio waliotunyang'anya geti la zahanati. Kaka alikuwa bado hajapona.

Karakana ni ya kaka. Mimi nachomelea. Mke wake, yaani shemeji yangu, anakaa kwenye kichumba cha ofisi, anapokea oda na kujibu wateja. Programu yake ya barua pepe ni kuukuu kama kompyuta yenyewe: ikishavuta barua inaziweka humo humo kwenye mashine, na kule zilikotoka hazibaki. Huwezi kuzisomea kwenye simu. Kaka alikuwa akijisifia jambo hilo. Alisema barua zake hazizururi.

"Inasema nini?" nilimuuliza.

"Eti kuna faili halionekani. Jina lake kama namba ya gari."

"Nani kaligusa?"

Kaka akageuka kutazama vyuma. Namjua tangu tukilala kitanda kimoja. Akigeuka kutazama kitu kingine, ujue ni yeye.

Nikamvuta nyuma ya mashine ya kukunjia bati, akasema. Jumamosi shemeji alikuwa kwa dada yake, naye akaingia ofisini kuufuta mchezo wa karata. Alichoka kumkuta mkewe anapanga karata wakati mteja amesimama mlangoni. Katikati ya kufuta, kompyuta ikamuuliza: faili hili huenda linatumiwa na programu nyingine, nalo liondolewe? Ikauliza tena faili la pili, na la tatu. Akabonyeza ndiyo kwa yote.

"Hukusoma?"

"Mimi ndiye mwenye karakana. Siwezi kuulizwa swali moja mara tatu na mashine yangu mwenyewe."

"Na shemeji umemwambiaje?"

"Kwamba mchezo umekufa kwa uzee."

Tukamwita fundi wa kompyuta, mtu mnene, mpole, asiyegusa kitu kabla ya chai. Alipomaliza nusu kikombe akatazama skrini, kisha akatazama karakana.

"Grinda mnayo moja tu?"

"Moja," nikasema.

"Na mnaitumia wote?"

"Wote."

"Basi faili hili ndilo grinda. Mchezo ulilitumia, barua pepe nayo ililitumia. Kuna mtu kamfukuza mcheza karata, halafu akamwambia ondoka na grinda."

Shemeji alikuwa kwenye kiti chake, anasikiliza. Kaka akakohoa.

Fundi akachukua faili la jina lile lile kutoka kompyuta yake, akaliweka kwetu. Barua pepe ikafunguka. Tulikuwa hatujamaliza kushukuru, herufi zote zikageuka viboksi vitupu, programu ikajifunga.

"Jina moja, umri tofauti," akasema. "Hii yenu inamtaka yule mzee. CD ya programu mnayo?"

"Iliungua na boksi lake, cheche za huyu," kaka akasema, akaninyooshea kidole.

"Basi ya mchezo. Mchezo ulikuja na faili hilo hilo."

Wote tukamtazama shemeji.

"Iko bustanini," akasema. "Si mchezo umekufa kwa uzee? Nikaona CD yake ikafukuze ndege kwenye nyanya."

"Ilete basi, mama watoto."

"Nitaileta. Kwanza nieleze marehemu alikufaje."

"Uzee."

"Uzee gani wenye dole gumba jekundu?" Akageuza kipanya. Ubavuni palikuwa na alama ya dole gumba, wazi kama muhuri, kwa ile rangi ya kuzuia kutu. Jumamosi yote kaka alikuwa akiipaka kwenye mlango wa ghala. "Nimeiona tangu asubuhi. Nilikuwa nangoja uzee uje wenyewe kujieleza."

Mafundi wenzangu walikuwa wameshajazana mlangoni, hakuna aliyekuwa na kazi. Kaka akasema kitu akiwa ameinamia meza.

"Sijasikia, baba watoto. Mashine ya kukata inapiga kelele."

Mashine ya kukata ilikuwa imezimwa tangu asubuhi.

"Nimeufuta mimi," akasema kaka.

"Ahsante." Akanigeukia mimi. "Shemeji, nenda kaifungue, fundo liko nyuma ya kijiti."

Niliirudisha imechafuliwa na ndege pande zote mbili. Kaka akaiosha mwenyewe kwa sabuni ya vyombo, akaikausha kwa shati lake jeupe. Mara ya kwanza kompyuta ikaunguruma kama mashine ya zege, ikaitema. Mara ya pili hivyo hivyo. Mara ya tatu ikaanza kusoma. Ikauliza swali. Kaka akavaa miwani, akalisoma neno kwa neno kwa sauti, ndipo akabonyeza. Likaja jingine, akalisoma nalo. Chai ya fundi ikapoa.

Mchezo ukarudi, na barua pepe ikafunguka nyuma yake. Vipimo vilikuwepo vyote. Juu yake kulikuwa na barua mpya ya mwalimu mkuu: mmeshaanza kukata?

"Mwambie tunamalizia la kwanza," kaka akasema.

Shemeji akainuka kitini. "Andika wewe. Mimi sina uzoefu huo."

Gharama yake ni hii. Vyuma vililala chini hadi mchana. Shati jeupe la kaka sasa ni la kupakia rangi. CD haikurudi bustanini, kwa hiyo ndege wamemaliza nyanya zote zilizokuwa zimeiva. Mchezo wa karata uko kwenye kompyuta na haufutiki tena, maana ukitoka unatoka na barua pepe. Shemeji anapanga karata mbele ya wateja, na kaka akitaka kuingia ofisini anabisha hodi. CD imefungiwa kabatini. Ufunguo anao shemeji.