Sheikh wa Kuazima

Katika miaka arobaini ya filamu, Hatif Jiyad alikuwa ameuawa mara kumi na tisa, na hakuna kabila lililowahi kumfuata kwa lolote. Juzi tu akaigiza sheikh, mkuu wa kabila, aliye mwizi wa maji ya mfereji, na kabila moja la kando ya mto Diyala likajiona ndilo lililosemwa, kana kwamba Iraki nzima haina wezi wa maji ila wao. Asubuhi Hatif akakuta ukuta wa nyumba yake hapa Baghdad umepakwa rangi nyekundu: ANATAKIWA NA KABILA.

Aliyeandikiwa hivyo yumo hatarini kuuawa, wala hajitetei mwenyewe. Husemewa na sheikh wa kabila lake, na neno la sheikh likishatoka, limefunga. Hatif alikuwa mtoto wa fundi saa wa mjini, hana kabila. Sheikh angemtoa wapi? Chama cha waigizaji kilimtumia salamu za pole. Pole! Bora wangenyamaza.

"Kodi sheikh," mkewe Ibtihal alisema. "Wamejaa tele mjini."

"Wa kukodi wote matapeli."

"Basi mchukue Naufal. Joho si analo?"

Naufal Sabti aliigiza masheikh tangu enzi ana meno yake mwenyewe. Mwigizaji ovyo kabisa, kelele tupu, ila ndevu zilikuwa za kweli. Hatif alimdharau tangu ujana, lakini mtaka cha mvunguni sharti ainame. Akaenda, akamwita kaka.

"Wakikuletea finjani, iweke chini," alimwonya njiani. "Usinywe mpaka wakubali kuniacha salama. Ukinywa tu, mambo yamekwisha."

"Wewe ndiye wa kunifundisha usheikh?"

Ukumbini kwa Sheikh Mizhir, mkuu wa kabila lile la Diyala, Naufal aliiweka finjani chini kwa madaha mpaka wanaume arobaini wakanyamaza. Hata Hatif alikaribia kuamini.

"Kunywa, sheikh wetu," Mizhir alisema. "Mtu wenu hatumgusi. Sharti letu moja tu: asionekane tena kwenye filamu, maisha yake yote."

Hatif alimkanyaga Naufal mguu. Hapo ndipo sheikh wa kweli huanza kubisha, na upande wa pili hushuka kidogo kidogo, hadi liwe katazo la mwaka mmoja. Lakini watu arobaini walikuwa wanamtazama Naufal bila kupepesa, na mpumbavu yule hakuwahi kutazamwa hivyo maishani. Akaweka mkono kifuani.

"Sharti lenu nimelipokea, liko juu ya kichwa changu!" akanguruma, na kahawa akaimaliza kwa mkupuo mmoja.

Hatif angemkanaje? Kusema huyu si sheikh kungekuwa tusi la pili, na hilo lisingesameheka.

Garini Naufal alivua kilemba, jasho linamchuruzika.

"Sema kweli yako, Hatif. Leo nimewaweza, sikuwaweza?"

Hatif, ambaye hakujua kazi nyingine tangu ana miaka kumi na tisa, alianza kulia. Naufal akampigapiga begani.

"Basi, kaka, basi," akasema kwa upole. "Hata mimi pale nusura nilie."