Aliyeitika Mtaroni

Vibarua wa mitaro ya halmashauri walikuwa na utaratibu wao. Mmoja akiugua, mtu wa nyumbani kwake huchukua beleshi lake, hujipanga mstarini asubuhi, na jina la mgonjwa likiitwa, huitika. Mnyapara haangalii sura, anaangalia beleshi. Kwa hiyo nafasi haipotei. Hakuna aliyeona ubaya wowote, mpaka halmashauri ilipoacha kulipa na vibarua wakaenda mahakamani.

Shahidi wa kwanza alikuwa Chuma. Jina hilo alijipa mwenyewe, na mwili ukalitetea miaka mingi, hadi msumari ulipomtoboa unyayo na mguu ukavimba kama gogo. Alilala miezi miwili, na ni miezi hiyo hiyo iliyokuwa inadaiwa. Aliyeitika "Chuma" kila asubuhi alikuwa mkewe. Jioni alirudi ananuka tope, na kila alipoanza kusimulia ya kutwa, mumewe aligeukia ukutani.

Ukweni walijua kwamba Chuma hajakosa kazi hata siku moja. Yeye ndiye aliyewaambia.

Asubuhi ya kesi mkewe alimpigia pasi shati.

"Baba watoto, sema ukweli tu. Sema nilikushikia nafasi."

"Niseme mbele ya kaka zako kwamba nililishwa na mke?"

"Kwani hukula?"

Chuma akavaa shati likiwa bado la moto.

Mahakamani kaka wawili wa mkewe walikaa benchi la mbele, wamekuja kumpa moyo shemeji yao. Wakili wa halmashauri alikuwa kijana mwenye sauti ya upole.

"Siku mtaro wa sokoni ulipoziba, ulikuwepo?"

"Mimi ndiye niliyeuzibua."

"Uliziba kwa nini?"

"Takataka."

"Takataka gani?"

"Matope. Mifuko. Kama kawaida."

Wakili akatoa picha. Halmashauri yenyewe ilikuwa imeipiga siku ile, ili ijisifu kwamba inasafisha mji. Vibarua walikuwa wanavuta kamba, na mwisho wa kamba godoro zima la watu wawili linachomoza mtaroni.

"Kama kawaida?" wakili akauliza.

Watu wakacheka. Hakimu akagonga meza.

"Na huyu mwanamke aliyetangulia kwenye kamba, unamfahamu?"

Chuma aliitazama picha. Mkewe alikuwa amekunja uso, miguu imezama topeni, shingo imetoka mishipa. Sura hiyo hakuwahi kuiona. Nyuma yake, kwenye mabenchi ya mahakama, vibarua wenzake walikuwa wamemkazia macho. Shahidi wa kwanza akionekana mwongo, nani atawaamini waliobaki?

"Ni mke wangu," alisema.

"Wewe ulikuwa wapi?"

"Kitandani. Mguu ulikuwa mbovu. Yeye ndiye aliyefanya kazi, kwa jina langu. Miezi yote miwili."

Kaka mkubwa akamtazama mdogo wake. Mdogo akatazama dari.

Hakimu aliandika kwa muda mrefu. Kisha akasema madai ya Chuma yanafutwa, kwa kuwa hakufanya kazi, na ya wenzake yataendelea kusikilizwa.

Mkewe akasimama kwenye benchi la nyuma. "Na mimi mheshimiwa? Godoro lilijitoa lenyewe?"

"Mama, fungua shauri lako, kwa jina lako. Picha hiyo itakufaa. Na uje na shahidi."

Nje, kwenye ngazi, kaka mkubwa hakuweza kujizuia. "Shemeji, kumbe Chuma nacho hupata kutu!"

Chuma alimpita. Alishuka akichechemea hadi kwa mkewe, aliyekuwa anakung'uta vumbi kwenye kanga.

"Shahidi wako ni nani?" akamuuliza.

"Nani mwingine alikuwa ananiona nikitoka na beleshi alfajiri?"

Chuma akakaa kwenye ngazi, akanyoosha mguu mbovu.

"Basi kaa hapa. Niambie yote, kuanzia siku ya kwanza. Wataniuliza."

Mkewe akakaa, akaanza kusimulia.