Kivuli cha Mzee Kwenye Kamba

Kivuli kibichi hakina sura. Ukikitoa kwenye beseni na kukianika, kinaning'inia tu kama shuka jeusi, hakina kichwa wala mabega, mpaka kikauke ndipo kinapata umbo la mwenyewe. Kila dobi wa kundi letu anajua hilo, na mimi niliyekaa humo miaka kumi na minane nilipaswa kulijua kuliko wote.

Tuko kumi na mmoja. Chumba cha mbele tunafua mashuka ya nyumba za wageni. Chumba cha nyuma, kilichozibwa dirisha kwa magunia, tunafua vivuli. Mtu akielemewa na moyo, tunambandua kivuli kuanzia kisigino, tunakisugua mpaka uzito uishie kwenye maji, kisha tunamrudishia. Wakubwa wa mji wanaiita kazi hii uchawi. Atakayekutwa na kivuli kilichochezewa anapelekwa Nyumba ya Taa, na sijaona aliyerudi kutoka huko.

Binti yangu, karani wa posta, alipitia kwangu asubuhi kabla ya kazi. Tangu baba yake afariki mwaka jana alikuwa hapati usingizi. Yeye anajua namkanda kichwa tu. Alipopitiwa na usingizi kwenye benchi nikakibandua kivuli chake, nikakifua, nikakianika. Akashtuka anachelewa, na kabla hajasimama nikambandikia kikiwa bado kibichi. Akatoka mbio.

Nusu saa baadaye nikainua macho. Kivuli kilichobaki kwenye kamba kilikuwa kimekauka, na utosini kilikuwa na fundo la nywele la binti yangu. Mwanangu alikuwa ameondoka na kivuli cha baba yake.

Sasa nitubu na lingine. Sheria yetu ni kwamba kivuli cha marehemu kinaachiwa juani siku ya tatu, kwa sababu kivuli kisicho na mwili hakistahimili jua hata kidogo. Kinayeyuka na kumaliza safari yake. Cha mume wangu sikukiachia. Nilikificha kabatini, na kila wiki nilikifua, nikakianika, nikakaa nacho mpaka kikauke. Asubuhi hiyo kilikuwa kambani, kibichi, kando ya cha binti yangu. Nichekeni mkitaka.

Bi Pasi, mkubwa wetu, akaingia akifuta mikono. Tunamwita hivyo kwa sababu hakuna jambo lililokunjamana asilolinyoosha.

"Hicho cha nani?"

"Cha mwanangu."

"Na yeye kaondoka na cha nani?"

Nikalitazama kabati lililo wazi.

"Usiniambie ni cha mzee."

"Ni cha mzee."

Alikaa kwenye ndoo iliyopinduliwa. "Mwaka mzima, mwenzangu? Na leo wakaguzi wa vivuli wako posta. Wanaanza saa nne."

"Nitawahi."

"Uwahi. Ila wakikushika, sisi hatukujui." Hakusema kwa ubaya. Hata mimi ningesema hivyohivyo.

Nikakikunja kivuli cha binti yangu katikati ya mashuka mawili, nikakitia kapuni, nikatoka. Barabara ile naipita kila siku, lakini siku hiyo ilikuwa haiishi. Kila askari niliyepishana naye nilimwona kama ananihesabia hatua.

Uwanja wa posta ulikuwa umemwagwa chokaa. Makarani walisimama mstarini, jua mgongoni, na mkaguzi alipita akiwaambia mmoja mmoja wainue mkono, aone kama kivuli kinafuata. Mbele ya binti yangu walikuwa wamebaki watano. Yeye alikuwa ameilegeza mikono yake, lakini pale chini, kwenye chokaa, kivuli chenye mabega mapana kilikuwa kimeshika kiuno, vilevile alivyosimama mume wangu akisubiri chakula kiive. Hakuna aliyekuwa ametazama bado. Wakabaki wanne.

Nikajikwaa makusudi. Kapu likapinduka, mashuka yakamfunika binti yangu miguu.

"Mama!" akasema.

"Wewe mama, toka kwenye mstari," mkaguzi akafoka.

"Nitatokaje, bwana mkaguzi, na nguo za watu ziko chini?"

Nikapiga magoti, nikapitisha mikono chini ya shuka, nikabana kisigino. Kivuli hakikubanduka. Nikabana tena. Kilikuwa kimemng'ang'ania mtoto, na viatu vya mkaguzi nikawa navisikia vinakuja.

"Baba watoto," nikanong'ona, "mwachie. Utamuua."

Kikalegea. Kikanipanda mkononi, baridi, kikanizunguka kiwiko na kutulia hapo. Kwa mkono wa pili nikakibana kivuli cha binti yangu mahali pake, kisigino cha kulia, kisha cha kushoto.

"Nionyeshe kapu," mkaguzi akasema, amesimama juu yangu. "Kisha inuka, nawe uinue mikono."

Hapakuwa na pa kumficha. Ningekuwa peke yangu, nadhani ningebaki naye na lolote liwe. Lakini mkaguzi angeniuliza nimemgusa nani, na wa kuguswa alikuwa amesimama hapo akinitazama kwa aibu. Nikamsukumia mume wangu ndani ya mkunjo wa shuka, nikainuka, nikalikung'uta kwa nguvu zangu zote kama dobi yeyote anayetoa vumbi.

Weusi ukamwagika juu ya chokaa. Ulipofika chini ulikuwa umeisha.

Nikainua mikono. Binti yangu akainua wake, na kivuli chake kikainua. Mkaguzi akapita.

Nilikuwa nimeshafika barabarani aliponikimbilia, akanikamata bega.

"Mama, umeumia? Mbona unalia?"

"Goti tu."

Alitembea nami kidogo. "Kule kunikanda kwa leo kulinisaidia kweli," akasema. "Nilivyotoka kwako nilikuwa nacheka njia nzima. Nilihisi kama Baba yuko na mimi. Sasa sijui nimefanya nini, pale mstarini furaha imenitoka yote." Akanishika mkono, uleule aliokuwa ameuzunguka baba yake. "Nikija jioni, utanikanda hivyohivyo?"

Nikamwambia aje.