Hodi ya Tatu

Jioni moja Mwalimu Optatus alitufundisha kwamba nyota ni nyingi kuliko mchanga wa pwani, na hakuna hata moja inayojua kama kijiji chetu cha Kipatimu kipo. Mimi niliandika. Mume wangu Severini, niliyeanza naye masomo ya watu wazima mwaka huu, alifunga daftari lake.

Njiani akasema, "Nilijua, Brigita. Mara tatu nimepanda michungwa, mara tatu imekauka. Mgeni asipoitikiwa hodi ya tatu anaondoka zake. Mwenye nyumba huko juu hayupo."

"Na ile miche mipya iliyo kwenye viriba?"

"Wape mbuzi."

Mvua ilikuwa imeanza. Miche isipoingia ardhini ndani ya siku chache, ingefia kwenye viriba. Nilisali rozari nzima. Jumamosi nikamwambia nitachimba mwenyewe, na kwa kuwa jembe letu lilivunjika mpini, nakwenda kuazima kwa jirani yetu Bi Salima. Severini akanifuata, nadhani ili aone nikishindwa.

Akapiga hodi mlangoni. Kimya. Akapiga ya pili, kisha ya tatu. Kimya. Akanigeukia kama mtu aliyeshinda kesi.

"Umeona?"

Mimi nikazunguka uani. Bi Salima alikuwa anatwanga mpunga, kinu kinalia, hasikii kitu.

"Shikamoo, Bi Salima."

"Marahaba." Akachungulia pembeni mwa nyumba. "Nani yule kasimama mbele kama karani wa sensa?"

"Severini. Amepiga hodi mara tatu."

Akacheka mpaka mchi ukamponyoka, akapaza sauti. "We Severini, miaka thelathini unakula kwangu, leo hodi ya nini? Hodi ni ya wageni. Mtu wa nyumbani anazunguka nyuma, anashika mchi."

Severini akaja. Kabla ya jembe akapewa mchi, akatwanga mpaka shati likalowa. Mimi nilikaa kando napepeta, namshukuru Mungu kimoyomoyo.

Jumatatu alfajiri sikumkuta kitandani. Nilimkuta shambani, yuko shimo la kumi na moja.

"Sijasema yupo," akaniwahi.

"Sijauliza."

"Na nyota bado hazitujui."

"Hazitujui," nikakubali, nikamsogezea mche.

"Nimezunguka nyuma tu," akasema. "Haya, ushike wima nifukie."