Mpishi Asiyeonja

Kwa miaka thelathini na mmoja alipika kwa ndoo. Ndoo tatu za maharage, ndoo kumi za maji, kopo la chumvi, mwiko mrefu kama kasia, na wanafunzi mia sita wa shule ya bweni waliomwita Bwana Ndoo usoni na majina mengine, yasiyofaa kuandikwa, kisogoni. Sasa alikuwa amestaafu. Na Jumamosi hiyo, saa moja kasorobo asubuhi, alisimama jikoni kwake mbele ya chungu cha umeme kisichozidi kofia ya mpanda pikipiki, akakikazia macho kama jogoo aliyeona kioo.

"Mbona hakisemi?" akauliza. "Chakula kinachoiva lazima kipige kelele."

"Kimewaka," mkewe alijibu kutoka sebuleni. "Hicho kitaa chekundu unadhani ni urembo?"

Chungu kilikuwa cha binti yao. Binti alikuwa mpimaji wa damu hospitalini, mtu wa kuhesabu matone, na jana jioni alikuwa amekileta pamoja na karatasi ya maelekezo aliyoibandika kwenye mfuniko kwa plasta ya kidonda. Mapaja manane ya kuku. Vitunguu viwili. Tangawizi sawa na kidole gumba. Tufaha moja la kukwaruza. Bizari vijiko viwili, asali vijiko viwili, chumvi kijiko kimoja, tui zito kikombe kimoja. Maji hapana. Pilipili hapana. Moto mdogo, kwa saa sita. Chini kabisa, kwa herufi kubwa na mistari miwili: BABA, USIFUNUE.

Pilipili ilikatazwa kwa ajili ya mgeni. Mgeni alikuwa mchumba wa binti, anakuja kujulishwa nyumbani kwa mara ya kwanza, na alikuwa na vidonda vya tumbo.

"Kijana mdogo vile vidonda kavitoa wapi?" Bwana Ndoo alikuwa ameuliza.

"Alisoma shule yako," mkewe alisema. "Hesabu mwenyewe."

Hapo ndipo palipokuwa na mwiba. Kijana hakuwa amekula maharage ya Bwana Ndoo tu. Ndiye aliyeongoza mgomo dhidi yake. Miaka kumi na minane iliyopita, akiwa kidato cha tatu na miguu kama ya korongo, aliwaacha wenzake wakisusia chakula, akaingia ofisini kwa mwalimu mkuu akiwa na kiberiti mkononi, akakifungua juu ya meza, na wadudu wa maharage wakatoka wakitembea kwa miguu yao wenyewe. "Mheshimiwa," akauliza, "na hawa wanalipa ada?" Kuanzia siku hiyo akaitwa Kamanda. Mwalimu mkuu akamwita mpishi, akamuuliza mbele ya kijana kama maharage yalikuwa na wadudu. Bwana Ndoo akajibu, "Chakula kinafaa, mkuu." Kamanda akarudishwa kwao wiki tatu.

Na sasa, kati ya wanaume wote waliojaa duniani, binti yake alikuwa amemwokota huyo.

Bwana Ndoo hakuwa amepinga. Alitaka kitu kimoja tu, nacho hakumwambia mtu ila mkewe, gizani, akiwa amegeukia ukutani: kijana yule amalize sahani mezani kwake, kisha aombe nyongeza. Aombe kwa mdomo wake mwenyewe. Katika miaka thelathini na mmoja hakuna aliyewahi kumwomba nyongeza ya maharage. Wengi walimwomba apunguze.

Basi alfajiri hiyo alikuwa amekata, amekwaruza, amemimina, amefunika. Akasimama. Sasa akasoma karatasi tena. "Maji hapana," akasema. "Nyama bila maji! Huyu mtoto kasoma mpaka kapitiliza." Akachota jagi zima akamwagia. Wahenga walisema mgema akisifiwa tembo hulitia maji. Bwana Ndoo hakuwahi kusifiwa hata siku moja, na maji alitia vilevile.

Dakika kumi baadaye akafunua. Kimya. Akafunika. Akafunua. Mara ya nne mkewe alikuwa mlangoni. Huyu alikuwa mkunga, bado yuko kazini, na hakuna mwanamume aliyewahi kumtisha, kwa sababu wengi wao aliwashika miguu juu kichwa chini siku yao ya kwanza.

"Baba watoto, weka mfuniko chini."

"Naangalia tu."

"Nimezalisha miaka ishirini na saba. Sijaona mtoto aliyewahi kutoka kwa sababu baba yake anachungulia. Kila ukifunua joto linatoka. Kaa!"

Akakaa. Akaketi kwenye kigoda, akakilinda chungu kama mlinzi wa benki, mikono magotini. Saa nne harufu ikaanza kutambaa: tangawizi kwanza, halafu tui, halafu kitu chenye utamu ambacho hakukijua jina. Bwana Ndoo akajiona amekwisha kushinda. Akamwona Kamanda akilini akinyoosha sahani, akisema, "Baba, samahani, kidogo tena." Katika picha hiyo sauti ya Kamanda ilitetemeka kidogo. Ilipendeza.

Saa sita na nusu akaubeba upawa wenye mchuzi mpaka sebuleni.

"Onja."

Mkewe, aliyekuwa akipiga pasi kitambaa cha meza, hakuinua kichwa. "Onja mwenyewe."

"Mimi sionji. Unajua sionji."

Ni kweli alijua. Siku ya kwanza kazini, msimamizi wa stoo alimwambia Bwana Ndoo kwamba mpishi anayeonja ni mwizi anayeanza na kijiko. Kuonja ilikuwa kazi ya mwalimu wa zamu. Mwalimu wa zamu alifika mchana, akachovya ncha ya kijiko, akaandika kwenye daftari "Chakula kinafaa", kisha akaenda kula kwake. Bwana Ndoo alipika, daftari likaonja, na yeye jioni akarudi kula chakula cha mkewe. Hivyo mpaka kustaafu. Hakuwahi kuweka hata punje moja ya yale maharage mdomoni.

"Hapa hakuna mwalimu wa zamu," alisema mkewe. "Na mimi nina zamu zangu. Ulimi unao, tena mrefu."

Kabla hajajibu, geti likalia. Walikuwa wamewahi nusu saa nzima. Binti akaingia akiwa na gauni jipya na wasiwasi wa zamani, akamkumbatia mama yake, wakapotelea chumbani kwa mambo yao. Na Bwana Ndoo, aliyerudi mbio jikoni na upawa wake, akasikia hatua nyuma yake.

"Shikamoo, baba."

"Marahaba." Akageuka. Miguu ya korongo ilikuwa imeota mwanamume mzima juu yake, mwenye shati lililopigwa pasi na kreti ya soda mikononi.

"Mama kasema soda nilete huku."

"Weka hapo."

Akaweka. Wakatazamana. Kisha Kamanda akatazama chungu. Ni tabia, aliyewahi kula bweni hawezi kupita karibu na sufuria bila kukagua.

"Naweza kuonja, baba?"

Moyo wa Bwana Ndoo ukapiga kama kengele ya chakula. Akampa kijiko. Kamanda akachota, akapuliza, akaweka mdomoni. Akatazama dari. Alitazama dari muda mrefu kuliko dari ilivyostahili.

"Kinafaa?" aliuliza Bwana Ndoo.

Kijana alikuwa na majibu mengi ya adabu, na uso wake uliyapitia yote moja moja. Mwishowe akashusha pumzi.

"Hakifai, baba."

"Nini?"

"Nisamehe. Kuku kaiva vizuri. Lakini ni maji, baba. Kuku kaoga humu."

"Umekuja nyumbani kwangu kugoma?"

"Umeniuliza, nimejibu! Nikisema kinafaa, mtakaa mezani mle maji, na mke wangu ataniuliza kwa nini sikusema."

"Bado hajawa mke wako."

"Ndiyo hasa ninachoogopa."

Bwana Ndoo akamnyang'anya kijiko. Alikuwa na hasira ya miaka kumi na minane, na hasira hiyo ndiyo iliyosukuma kijiko mpaka kwenye chungu, na kutoka kwenye chungu mpaka mdomoni, kabla hajakumbuka kwamba yeye haonji.

Akasimama hivyo hivyo.

Ulikuwa uji wa rangi ya manjano. Tufaha lilikuwa mbali, asali ilikuwa mbali zaidi, chumvi ilikuwa imepita tu kusalimia. Akaonja tena, kwa haki. Hali ikawa mbaya zaidi.

"Mungu wangu," alisema.

Kamanda akajifanya anapanga soda. Alikuwa na akili.

Bwana Ndoo akaketi kwenye kigoda. Alikuwa akihesabu, na hesabu ilikataa kuisha: sahani mia sita, mara siku, mara miaka. "Na yale," akauliza polepole, "yale maharage. Yalikuwaje?"

"Baba, ni zamani."

"Sema."

"Yalikuwa mabaya. Kuna siku tulikuwa tunafumba macho. Mdudu mmoja mmoja tulisema ni nyama."

"Niliwaona," alisema Bwana Ndoo. "Walikuwa wakielea juu. Nilikuwa nikiwaengua, wakizidi nakoroga. Mkuu aliponiuliza, nilikuwa nimewaona tayari." Akajifuta uso kwa aproni. "Wiki tatu zile ulienda nyumbani kwa sababu yangu. Ukweli ulikuwa wako. Nisamehe, mwanangu."

Kamanda hakujua aweke wapi mikono. Mtu aliyejiandaa kwa vita miaka yote hiyo akapewa kigoda. "Baba yangu alinilimisha shamba zima wiki hizo," akasema hatimaye. "Nilikutukana kila tuta."

"Matuta mangapi?"

"Mengi sana, baba."

"Ni haki yangu." Akainuka. "Haya, washa jiko la gesi. Moto mkubwa. Kama kuna kitu ninachokijua katika dunia hii ni moto mkubwa."

Wakatoa kuku wakamweka sahanini. Mchuzi ukaingia kwenye sufuria pana, ukachemka, ukapiga kelele mpaka Bwana Ndoo akatabasamu. Akakaanga bizari nyingine pembeni mpaka ikanukia, akaitia. Kamanda akakwaruza tufaha la pili na ngozi kidogo ya kidole. Kila dakika mbili vijiko viwili viliingia.

"Chumvi," alisema mmoja.

"Asali kwanza."

"Wewe na asali yako! Unataka kupika kashata?"

"Onja basi."

"... Asali kwanza."

Maji yalipokwisha kwenda zao, mchuzi ulikuwa mzito, laini, wa rangi ya dhahabu, mtamu bila kujigamba. Wakamrudisha kuku ndani. Binti alipochungulia aliwakuta wawili hao wameinamia sufuria kama wezi wa kuku. Akatazama chungu chake, kitupu na kimezimwa.

"Baba, ulifunua?"

"Muulize mchumba wako," alisema Bwana Ndoo. "Mimi ni mstaafu."

Mezani alisahau kukaa. Alisimama mlangoni na upawa mkononi, kama zamani, mpaka mkewe akamvuta aproni. "Keti. Hapa hakuna foleni." Akaketi. Akala. Lakini jicho lake lilikuwa kwenye sahani ya Kamanda. Wali ulipungua. Paja la kwanza likaisha, la pili likabaki mfupa. Sahani ikawa nyeupe. Bwana Ndoo akaacha kutafuna, akasubiri.

Kamanda hakuomba chochote. Alikuwa akibishana na mama mkwe iwapo mapacha hukumbuka kugombana tumboni, na katikati ya sentensi, bila kutazama, bila hata samahani, alinyoosha mkono juu ya sahani ya Bwana Ndoo, akashika upawa bakulini, akajipakulia paja la mwisho na mchuzi wake. Akaendelea kubishana. Mtu hafanyi hivyo ugenini.

Binti akafumba macho.

"Wewe!" Bwana Ndoo alifoka. "Hilo lilikuwa langu!"

"Uwahi siku nyingine, baba," alisema Kamanda, mdomo umejaa.

Mkunga akacheka mpaka akashika ubavu. Bwana Ndoo akalivuta bakuli upande wake haraka, kabla hajatokea mwingine, akachukua kipande cha mkate, akaanza kulifuta.