Pingamizi la Zaki

Mume wangu alisimama mbele ya Kadhi akasema yeye si Muislamu, na kofia niliyomshonea kwa mkono wangu ingali kichwani. Wakili wake, Bi Nanjala, akamvuta mkono wa shati. Akaivua, akaikunja, akaitia mfukoni. Nikacheka. Mama, aliyekaa nyuma yangu, alinitazama kwa hofu.

Nilikwenda kudai matunzo, basi. Zaki alikuwa amehamia Makupa kwa mwanamke mwingine, mwaka mzima hajui nala nini wala navaa nini. Nilifikiri tutabishana juu ya hilo. Kumbe wakili ana njia fupi zaidi: Kadhi husikiliza Waislamu watupu. Mmoja akiwa si Muislamu, Kadhi hana mamlaka, kesi ni ya hakimu. Huko ningeanza upya, tena ningeulizwa kwanza kama ndoa yenyewe ilikuwa ndoa, maana mwanamke wa Kiislamu haolewi na asiye Muislamu. Miaka kumi na minne ya unyumba, niithibitishe kama kiwanja.

"Ulisilimu lini?" Kadhi alimuuliza.

"Sikusilimu, Sheikh. Nilitamka tu yale maneno, nipewe mke."

Nipewe mke! Aliingia msikitini Kibokoni akiwa Ken Odera, karani wa bohari huko Shimanzi, akatoka anaitwa Zaki. Baba ndiye aliyemsomesha. Kila alasiri walikaa barazani, baba akimrudishia Alhamdu neno kwa neno, mwenzake akitokwa na jasho, nami nyuma ya mlango nikiwahurumia wote wawili. Ramadhani ya kwanza alifunga hadi akaugua. Baba akamwambia afungue, akakataa. Mtu wa kutamka tu hufanya hivyo? Nauliza kwa sababu hadi leo sijui, na uchungu wenyewe ndio huo. Kuachwa ningekuvumilia. Kuambiwa sikuwahi kuwa mke, la.

Nilitoa cheti chake cha kusilimu. Kadhi akakisoma, akavua miwani.

"Binti yangu, hiki chasema alikuwa nani siku ile. Leo amekana mwenyewe mbele yangu. Siwezi kumtia mtu dini kwa nguvu ili nimhukumu."

"Zaki," nikamwita, "nitazame uyaseme hayo."

Wakili akasema mteja wake anaitwa Ken. Kadhi akafunga jalada.

Nje, mama alishika ukuta wa ngazi. Nilidhani ataniuliza tutakula nini.

"Swafia, n'ambia. Babako, alomuosha ni nani?"

Baba hakujaaliwa mtoto wa kiume. Aliusia maiti yake ioshwe na mkwewe, na Zaki ndiye aliyemuosha, akamkafini, akashuka naye kaburini, akatoka akilia kunishinda mimi. Miaka yote tangu hapo mama alikuwa akiwasimulia majirani, akijivuna. Na Muislamu haoshwi na asiye Muislamu; hilo ndilo lililomshika sasa, si matunzo yangu.

"Ni Zaki, mama," nikamwambia. "Muislamu mzuri. Huyu wa mle ndani ni mtu mwingine."

Akanipa mkono nimshushe ngazi. Alinisadiki, au alinihurumia, sikumuuliza.

Kesho yake nilikwenda peke yangu kwa hakimu kufungua kesi upya. Karani, kijana mpole, aliniuliza jina la mume. Nikamwambia Ken Odera. Akaandika. Akaniuliza ndoa ilifungwa kwa sheria gani.

"Ya Kiislamu," nikasema.

Akaweka kalamu chini.

"Basi hii ni ya Kadhi, mama. Umekosea mlango."